Kuchora mbegu, kombe, unyoya na mfupa: kitu kimoja, meza moja, miaka mingi

Anayetaka kuchora vitu vya asili kwa miaka mingi hahitaji vingi. Anahitaji vichache visivyobadilika: meza ileile, taa ileile upande uleule, kiti kilichowekewa alama sakafuni, na kitu kidogo kinachoenea kiganjani. Jicho hujifunza kwa kulinganisha, na hakuna ulinganisho wa maana ikiwa mwanga, umbali na pembe vinahama kila siku. Mtu akijifungia na kokwa moja mwezi mzima, kisha akaweka mchoro wa kwanza kando ya ule wa thelathini, anajua kwa hakika kwamba tofauti anayoiona imetoka kwenye mkono na jicho lake, maana kokwa haikubadilika hata kidogo.

Kitu chenyewe

Anza na vikavu: mbegu kubwa, kokwa, ganda la mbegu lililopasuka, kombe la konokono wa baharini, unyoya, mfupa mdogo. Havinyauki wala havisogei. Ua ni la baadaye, kwa sababu petali hufunguka au kulegea huku unachora, na uyoga laini hupoteza umbo siku hiyohiyo. Ukilazimika kuchora kitu kibichi, tanguliza kinachokufa haraka: ua kwanza, majani yafuate, shina mwisho. Ukipumzika, kifunike kwa mfuko wa plastiki wenye kitambaa kibichi ndani.

Ukubwa unaofaa ni sentimita 3 hadi 8. Kikiwa kidogo kuliko hapo utaishi ndani ya lenzi na shingo itauma. Kikiwa kikubwa na umekikalia karibu, sehemu ya mbele itaonekana kubwa kuliko inavyostahili na ya nyuma itasinyaa, kisha vipimo vyako vitagombana.

Usichukue kombe lenye mnyama ndani. Zaidi ya kuua kiumbe bure, konokono wa jamii ya Conus wana mwiba wa sumu, na baadhi ya spishi zake zimeua watu. Katika nchi nyingi manyoya, viota na mayai ya ndege wa porini, pamoja na matumbawe, vinalindwa na sheria hata ukivikuta vimeanguka chini, kwa hiyo uliza kabla ya kuvibeba.

Mfupa usiuchemshe. Joto husukuma mafuta ndani ya mfupa, na baada ya miezi hutokeza kama madoa ya njano. Uloweke kwenye maji ya kawaida, ukiyabadilisha, mpaka nyama yote iachie. Kisha uweke siku kadhaa kwenye maji ya uvuguvugu yenye sabuni ya vyombo ili mafuta yatoke, na mwisho kwenye haidrojeni peroksaidi ya asilimia 3 kwa siku moja au mbili, ukiwa umevaa glavu. Dawa ya kufulia yenye klorini usiiguse kabisa: huula mfupa, uso unageuka kuwa kama chaki na unaendelea kumong'onyoka hata baada ya kuusuuza.

Mbegu na maganda huja na wadudu ndani. Vifunge kwenye mfuko, uweke kwenye friza ya nyuzi −18 za Selsiasi kwa wiki mbili. Ukiutoa, usiufungue mpaka urudi kwenye joto la chumba, la sivyo unyevu wa hewa utatua juu ya mbegu yenyewe na kuvu itafuata.

Makombe yana adui ambaye watu wengi hawamjui, naye ni droo ya mbao, hasa ya mwaloni, na boksi la kadibodi ya kawaida. Vyote hutoa mvuke wa asidi unaokula chokaa ya kombe na kuacha unga mweupe usoni. Watunzaji wa makusanyo huuita ugonjwa wa Byne, ingawa hakuna kijidudu chochote ndani yake. Tumia boksi la karatasi isiyo na asidi, na usilifunge kiasi cha kuzuia hewa kabisa.

Meza, taa na kimo cha jicho

Taa iwe moja tu. Mbili huzaa vivuli viwili vinavyopingana na umbo linatoweka. Iweke juu kushoto, mbele kidogo ya kitu, mwanga ushuke kwa pembe ya karibu nyuzi 45. Kushoto ndiko desturi ya michoro ya kisayansi, na ina faida yake: ukiweka michoro mia moja pamoja, mtazamaji hasomi mashimo kama vinundu. Anayetumia mkono wa kushoto ataona kivuli cha mkono wake kikianguka kwenye karatasi. Dawa yake ni kuongeza taa dhaifu inayomulika karatasi peke yake, iliyokingwa kwa kipande cha kadibodi ili isifike kwenye kitu. Balbu ya LED ya Kelvini 5000 (kipimo cha rangi ya mwanga) yenye uaminifu wa rangi, ulioandikwa CRI, wa 90 au zaidi inatosha.

Mwanga wa dirisha ni mzuri zaidi kwa macho, ila dirisha lisipigwe na jua: linalotazama kaskazini kwa walio kaskazini ya dunia, linalotazama kusini kwa walio kusini. Walio karibu na ikweta hupigwa na jua pande zote mbili kwa zamu ya mwaka, hivyo taa na pazia zito ndiyo njia ya uhakika.

Kitu kiwe sentimita 40 hadi 50 kutoka kwenye jicho, na katikati yake iwe sawa na kimo cha macho yako au chini kidogo tu. Wengi hukiacha kitu kilale mezani na kukichungulia kutoka juu, kisha wanashangaa kwa nini kombe lao linaonekana fupi. Kiinue kwa vitabu. Mchoraji Mjerumani Albrecht Dürer mwaka 1503 alichora bonge la nyasi akiwa ameshusha jicho hadi kimo cha nyasi zenyewe, na mpaka leo mimea mingi iliyomo inaweza kutajwa kwa jina.

Kukishikilia kitu, tumia kisanduku cha mchanga mkavu au kipande cha plastisini, yaani udongo laini wa kuchezea watoto. Plastisini huacha mafuta kwenye mfupa na kombe, basi weka kijipande cha nailoni katikati. Chora alama ya mkao wa kitu kwenye ubao, bandika utepe sakafuni kwenye miguu ya kiti, na andika urefu wa taa. Kazi hii ya dakika kumi ndiyo inayokuruhusu kurudi kesho.

Vifaa

Penseli nne zinatosha: 2H, H, HB na 2B. H ina udongo wa mfinyanzi mwingi na grafiti kidogo, kwa hiyo ni ngumu na hukaa na ncha. B ni kinyume chake. Zichonge kwa kisu, mbao irudi nyuma sentimita 2.5 na risasi itokeze kama milimita 8, kisha uizungushe juu ya msasa namba 400 mpaka iwe sindano. Kichongeo cha kawaida hutoa ncha fupi inayofubaa baada ya mistari michache.

Karatasi iwe laini, isiyo na asidi, ya gramu 300 kwa mita ya mraba. Karatasi yenye chembechembe huweka muundo wake juu ya muundo wa mbegu, na huwezi kuitenganisha tena. Ongeza raba ya kufinyanga, bikari ya ncha mbili za sindano, rula ya chuma, na lenzi ya mkono inayokuza mara 10. Chini ya mkono weka karatasi safi, kwa sababu jasho huacha mafuta ambayo grafiti huyang'ang'ania baadaye kama doa.

Vipimo kwanza

Funga jicho moja. Kwa macho mawili unaona picha mbili za kitu kilicho karibu, na bikari haiwezi kuzipima zote. Chora mstari wa mhimili, yaani mstari wa kati ambao kitu kinauzunguka, ukiuinamisha kama kitu kilivyoinama. Pima urefu wote, kisha upana wote, ufunge kisanduku. Ndani ya kisanduku tia alama tano au sita tu: mahali upana unapozidi, mahali unapobana, mwanzo wa mdomo, ncha. Hakuna ukingo unaochorwa kabla ya alama hizo kukubaliana.

Amua kipimo mapema. Mbegu ya milimita 6 ikikuzwa mara 5 inakuwa milimita 30, na hapo mishipa yake ina nafasi ya kupumua. Andika kando mstari wa kipimo, kwa mfano mstari mfupi ulioandikwa «milimita 5». Kuandika «×5» peke yake hakutoshi, maana mchoro ukichapwa kwa ukubwa mwingine namba hiyo inageuka uongo, lakini mstari hukua na kupungua pamoja na mchoro.

Kisha hesabu. Koni ya msonobari ina mizunguko inayopanda kulia na mingine inayopanda kushoto, na mara nyingi idadi ni 5 na 8 au 8 na 13. Hiyo hutokana na kila gamba kuota kwa pembe ya karibu nyuzi 137.5 kutoka kwa lililotangulia. Hesabu kila koni upya hata hivyo, zipo zisizofuata. Ukichora magamba kwa kubuni, macho ya mtazamaji yatagundua kosa hata kama hajui kulitaja.

Kombe, mwalimu mkali

Kombe ndilo kitu bora cha kukaa nacho muda mrefu. Lina kanuni, na kila kombe huivunja kidogo mahali pake.

Lishike ncha juu, mdomo ukikutazama. Mdomo ukiwa kulia, kombe linazunguka kulia, na spishi nyingi ziko hivyo. Angalia jambo hili kabla ya mstari wa kwanza na uliangalie tena kwenye nakala yoyote utakayopiga. Mchoraji Mholanzi Rembrandt mwaka 1650 alichonga kwenye bamba la shaba kombe la Conus marmoreus kama alivyoliona, na chapa ikalitoa limegeuka, likizunguka kushoto. Sahihi yake aliikumbuka kuigeuza, nayo inasomeka sawasawa.

Pima upana wa mzunguko mmoja baada ya mwingine ukishuka mhimili. Kwa makombe mengi kila mzunguko ni mpana kuliko wa juu yake kwa uwiano unaokaribia kuwa uleule. Ukipata milimita 3, 4.8 na 7.7, uwiano ni 1.6. Mzunguko mmoja ukikataa uwiano huo, rudia kipimo. Ukikataa tena, huenda mnyama alivunjika kombe akaliziba akiwa hai: tafuta kovu, na ulichore. Kovu ni sehemu ya kombe.

Mishono kati ya mizunguko hupinda kama pete ya kikombe kinachotazamwa kutoka pembeni. Iliyo juu ya kimo cha jicho hupinda kwenda juu, iliyo chini hupinda kwenda chini, na juu ya hilo yote inashuka kidogo upande mmoja kwa sababu ni ond, yaani mstari unaozunguka huku ukishuka. Anayesahau ule mteremko anachora mnara wa pete zilizopangana. Mdomo nao karibu kila anayeanza huupanua, kwa sababu ni giza na giza huvuta jicho. Upime mara mbili.

Toni

Toni ni kiwango cha giza au mwanga. Kabla ya kutia kivuli, chora ukanda wa visanduku 9 kutoka karatasi tupu hadi weusi wa mwisho wa 2B, ukae kando ya mchoro. Angalia kitu kwa macho yaliyokazwa nusu, amua sehemu nyeupe kabisa na nyeusi kabisa ni namba ngapi, na zingine zipange katikati.

Anza na 2H, mistari mifupi inayofuata mkunjo wa uso, mkono mwepesi kama unapangusa vumbi. Tabaka tano hadi nane. Ukikandamiza, karatasi inalala, grafiti inang'aa kama chuma na haipokei tena kitu juu yake. Hakuna raba inayoliondoa kosa hilo. Giza linatoka kwa kurudia.

Kila kitu cha mviringo kina mpangilio huu kutoka upande wa taa: mng'ao, toni ya kati, kivuli chake chenyewe, mwanga unaorudishwa na meza, kisha kivuli kinachoanguka mezani. Mwanga unaorudishwa ndiyo mtego. Unaonekana mkali kwa sababu umezungukwa na giza, na mchoraji anauacha mweupe, basi kitu kinakuwa kama bati. Usiruhusu sehemu yoyote iliyo kivulini iwe nyeupe kuliko sehemu yoyote inayopigwa na taa ikiwa rangi ya kitu ni moja. Ikiwa kina madoa, kumbuka kwamba doa jeusi kwenye mwanga linaweza kuwa giza kuliko weupe ulio kivulini. Chora kivuli kwanza, madoa yafuate.

Mbegu inayong'aa haina mng'ao laini. Ina picha ndogo ya taa yenye kingo kali, na giza la juu kabisa mara nyingi limekaa hapohapo kando yake. Hifadhi weupe wa karatasi tangu mwanzo. Ukifuta baadaye haurudi mweupe ule. Kwa mfupa mweupe ni kinyume: vivuli ni vyepesi kuliko unavyodhani, na ukivuka kisanduku cha 6 mfupa unakuwa jiwe.

Unyoya na majani makavu

Unyoya una mhimili unaopungua unene kutoka chini hadi ncha, na nyuzi zinazotoka humo zimeshikana kwa vijindoano visivyoonekana kwa jicho. Ndiyo maana zinaonekana kama kitambaa, na zikiachana huachana kwa mafungu yenye umbo la kabari. Chora mafungu na mipasuko, uzi mmoja mmoja uuweke ukingoni na penye mpasuko tu. Pembe ya nyuzi na mhimili hubadilika kutoka chini kwenda juu, na uzi haunyooki. Unapinda kuelekea ncha. Anayechora kila uzi anapata brashi.

Jani kavu lililojikunja lichore kuanzia mshipa wa kati kama waya mmoja usiokatika, hata mahali ulipofichwa na mkunjo. Mistari ya nyuma utaifuta, lakini usipoichora pande mbili za mkunjo hazitakutana. Angalia pia kama mishipa ya pembeni inatoka kwa jozi au kwa zamu.

Wino na rangi

Kwa nukta za wino, yaani kutia kivuli kwa nukta badala ya mistari, tumia kalamu ya milimita 0.1 na 0.2 yenye wino wa pigmenti usioyeyuka kwa maji. Kalamu isimame wima. Ikilala nukta inapata mkia. Anza penye giza kuu na utawanye kuelekea mwanga. Nukta zikipangana mstari jicho litaufuata mstari badala ya umbo, basi ukihisi mkono umepata mdundo, hama sehemu. Subiri saa kadhaa kabla ya kufuta penseli. Nukta iliyokosewa hukwanguliwa kwa ncha ya wembe ikiwa karatasi ni nene, kisha unalainisha kwa mgongo wa kijiko.

Kuhusu rangi, jambo moja tu: tengeneza orodha yako ya namba. Mchoraji wa mimea Ferdinand Bauer, katika safari ya meli Investigator iliyoanza mwaka 1801 kuizunguka Australia, alichora kwa penseli na kuandika namba za rangi, orodha iliyofika karibu namba 1000, akapaka rangi baadaye sana. Visanduku 100 vilivyopakwa kwa rangi zako mwenyewe, kwenye karatasi yako mwenyewe, vitakutosha. Kadi iliyonunuliwa haina rangi ulizo nazo.

Kurudia

Hapa ndipo kazi ya miaka inapoanza. Kata duara la kadibodi, ligawe kwa mistari 12 ya nyuzi 30 kila moja, weka kitu juu yake. Chora mkao wa kwanza, geuza mstari mmoja, chora tena, mpaka kumi na mbili zitimie, zote kwa kipimo kimoja. Kufikia wa saba utakutana na upande uliokuwa ukiukwepa kwa sababu hauna mng'ao wala umbo la kupendeza. Uupe muda uleule.

Yafungie makaratasi hayo. Mwezi ukipita, chora mkao wa kwanza upya bila kuyatazama, kisha nakili wa zamani kwenye karatasi inayopitisha mwanga na uuweke juu ya mpya. Makosa yatajionyesha, na karibu kila mtu ana yake yanayojirudia: kunyoosha kilichoinama, kusawazisha pande mbili zisizolingana, kukuza nundu moja iliyomvutia. Liandike kosa kwa kipimo: «mdomo umezidi milimita 2». Kikao kijacho anza kupima hapo.

Mara moja kwa wiki chora kitu hicho kwa kumbukumbu kwa dakika kumi, kimefunikwa. Mahali penseli inaposita ndipo usipopajua; funua, uangalie hapo peke yake, funika tena.

Usichore kutoka kwenye mchoro wako wa zamani, wala kutoka kwenye picha ya simu iliyopigwa kwa karibu. Picha hiyo hunenepesha kilicho mbele. Ifae kukumbuka mkao tu. Na chunga jambo hili kuliko yote: ukijikuta umechora mikunjo mitatu mfululizo bila kuinua macho, weka penseli chini. Mkono umeanza kujaza, na hapo unachora mazoea yako. Dakika 45 kwa kikao, kisha tazama mbali nje kwa muda, ndiyo kiasi ambacho macho ya watu wengi hustahimili.

Kuhifadhi

Nyuma ya kila karatasi andika kwa penseli: namba ya kitu, namba ya mkao, tarehe, kipimo, upande wa taa, mahali kitu kilipookotwa. Namba hiyohiyo iwe kwenye kibandiko ndani ya boksi la kitu, kamwe isigundishwe juu ya kitu. Michoro ilale bapa, kila mmoja umefunikwa kwa karatasi nyembamba laini isiyo na asidi, mbali na mifuko ya plastiki ya PVC na kuta zenye unyevu. Dawa ya kunyunyizia ya kushika grafiti ijaribu kwanza kwenye kipande cha pembeni, maana nyingine hubadilisha toni.

Kazi ikibaki katikati, usikiondoe kitu kwenye ubao. Kifunike kwa boksi jepesi dhidi ya vumbi, na kabla ya kuzima taa andika pembeni ya karatasi ulipofika: «mzunguko wa 3, upande wa kulia, tabaka la 4, H».